Nani Anamdai Nani Upole? Nietzsche Mbele ya Historia ya Utumwa

Katika majadiliano aliyoyaandika Plato, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, wamo watu wawili walioichoka haki, na kila mmoja anampinga mwenzake bila kukutana naye. Thrasymachus anasema haki ni faida ya mwenye nguvu: mtawala hutunga sheria inayomfaa, kisha huiita haki. Callicles anasema kinyume chake. Kwake yeye sheria na maadili ni kazi ya wanyonge, ambao kwa wingi wao wamejikusanya ili wamfunge kamba yule ambaye angewashinda mmoja mmoja. Maneno ya Thrasymachus hayamshangazi Mswahili. Mnyonge hana haki, tumeyasikia tangu utotoni. Ya Callicles ndiyo yanayosumbua, na zaidi ya miaka elfu mbili baadaye mwanafalsafa Mjerumani, Friedrich Nietzsche, alikuja na hoja iliyo jirani nayo, akaipa uzito ambao hatujautua mpaka leo.

Nietzsche, mtoto wa mchungaji wa Kilutheri, alichapisha mwaka 1887 kitabu kuhusu nasaba ya maadili. Anadai kwamba hapo kale wenye nguvu walijiita wema kwa kujitazama tu: afya yao, ushujaa wao, ukarimu wa mtu aliyejaa hadi kumwagika. Asiye na hayo walimwona duni, wala hawakuona haja ya kumchukia. Mnyonge, aliyeshindwa kulipa kisasi kwa mkono, alikilipa kwa kugeuza majina. Hana uwezo wa kurudisha kofi, akajiita mpole. Amelazimika kungoja, akajiita mwenye subira. Hana pa kulipizia, akasema amesamehe. Chini ya yote hayo, anasema Nietzsche, kinachemka kinyongo, na kinyongo hicho ndicho mzazi wa maadili tunayoyaheshimu. Anatoa mfano wa wanakondoo na ndege wa mawindo: si ajabu wanakondoo wawachukie ndege hao, lakini hiyo si sababu ya kumlaumu ndege kwa kuwa ndege.

Tusikimbilie kumkataa. Nani hajamwona mtu aliyehubiri unyenyekevu miaka yote, na siku alipopata cheo akawa wa kwanza kupandisha ukuta na kuweka mlinzi? Kumbe hakuuchukia ukubwa wenyewe, aliuchukia kwa kuwa haukuwa wake. Nietzsche anatufundisha kuuliza: fadhila hii unayoisifu, unaishika kwa kuwa unaweza kutenda kinyume chake ukaamua kuacha, au kwa kuwa huna njia nyingine? Tena si kweli kwamba aliwaabudu wababe. Katika kitabu hichohicho anakiri kwamba historia ya binadamu ingekuwa ya kijinga mno bila akili iliyoletwa na wanyonge.

Hata hivyo, anayejenga hoja juu ya nasaba lazima akubali nasaba hiyo ikaguliwe. Yeye mwenyewe aliyaita maadili hayo ya watumwa, basi twende kwa watumwa.

Mwaka 1807 ilichapishwa London Biblia iliyoandaliwa maalumu kwa ajili ya watumwa wa makoloni ya Uingereza katika visiwa vya Karibi. Ilikuwa Biblia iliyopunguzwa sana. Habari za Waisraeli kutolewa utumwani Misri ziliondolewa. Yale maneno ya Wagalatia kwamba hapana mtumwa wala huru, nayo yaliondolewa. Waliachiwa Waefeso: "Enyi watumwa, watiini wao ambao ni bwana zenu." Tuliangalie jambo hili kwa utulivu, maana linakata pande zote mbili. Kama upole ni silaha iliyofuliwa na mnyonge, imekuwaje mwenye nguvu ndiye anayeufundisha, na kugharimia uchapishaji wake? Hapo Nietzsche anayumba. Lakini kwa nini habari hizo za kutoka Misri ziondolewe? Kwa sababu walijua kwamba ndani ya kitabu hichohicho mna maadili ya walioonewa yanayoweza kumtikisa bwana kitini. Hapo Nietzsche anasimama tena: maneno ya mnyonge yana nguvu kweli, na wenye nguvu waliyaogopa.

Frederick Douglass, aliyezaliwa utumwani Maryland nchini Marekani, alieleza katika kumbukumbu zake za mwaka 1845 jinsi bwana wake, Thomas Auld, alivyomfunga msichana kilema, akampiga mijeledi mpaka damu ikachuruzika, huku akisoma andiko la Luka kwamba mtumwa aliyejua mapenzi ya bwana wake asiyatende, "atapigwa sana." Mwaka 1834 Douglass, akiwa kijana wa miaka kama 16, alipigana kwa karibu saa mbili na Edward Covey, mtu aliyejulikana kwa kuvunja watumwa wakaidi. Covey hakumgusa tena. Douglass anasema siku ile alirudishiwa utu wake. Msomaji wa Nietzsche atashangilia: ona, heshima hurudi kwa nguvu, si kwa subira! Ni kweli, lakini fuata alichofanya Douglass baadaye. Hakuanza kuwadharau walioshindwa kupigana. Maisha yake yaliyobaki aliyatumia kudai sheria itakayomlinda hata asiye na misuli.

Pwani yetu ina ushahidi wake. Tarehe 6 Aprili 1897, Sultani wa Zanzibar, kwa shinikizo la Waingereza, alitoa amri ya kuondoa hadhi ya utumwa kisheria. Mtumwa alipaswa kwenda mwenyewe mahakamani kuomba uhuru wake. Fidia ilikwenda kwa bwana. Aliyepewa uhuru alitakiwa kuonyesha makao na njia ya kujikimu, la sivyo ahesabiwe mzururaji. Masuria waliachwa nje ya amri hadi mwaka 1909. Kisha walioachwa huru walipoanza kujichagulia siku za kufanya kazi, wenye mashamba ya mikarafuu na maofisa wa serikali wakawaita wavivu. Uvivu ukawa dhambi ya watu walewale ambao mikono yao ndiyo iliyopanda mikarafuu na kuichuma. Thrasymachus angeifahamu hukumu hiyo mara moja.

Na hao walioachwa huru walifanya nini? Kwa hesabu ya Nietzsche, wangeugeuza uungwana kuwa uovu na unyonge wao kuwa utakatifu. Hawakufanya hivyo. Wanawake waliacha kaniki, vazi la vijakazi, wakajitanda kanga za rangi. Wanaume walivaa kofia na viatu, vitu ambavyo mtumwa hakutarajiwa kuvivaa mbele ya bwana wake. Hawakusema uungwana ni mbaya. Walisema na sisi ni waungwana. Mnyonge hapa hakuyapindua maadili ya bwana, aliyadai yaenee mpaka kwake, na dai hilo ni zito kuliko kinyongo.

Mtetezi wa Nietzsche atasema mwanafalsafa hakuwa akiandika historia ya Zanzibar wala ya Maryland, alikuwa akichora aina za roho. Pingamizi hilo lina haki yake. Lakini aliyeziita aina hizo za roho "bwana" na "mtumwa" amekopa damu ya watu halisi, na watu hao wana ruhusa ya kumjibu.

Jibu ninalolithamini kuliko yote lilitolewa na Jean Améry, mzaliwa wa Vienna aliyeteswa na Wanazi mwaka 1943 na baadaye kupelekwa Auschwitz, kambi yao ya mauaji. Mwaka 1966, wakati Ujerumani ikitaka yaliyopita yawe yamepita, aliandika kwamba yeye ana kinyongo, na hakioni aibu. Wenzake waliitwa wastaarabu kwa kusamehe. Yeye aliona msamaha unaodaiwa na jamii yenye haraka ya kusahau ni mzigo mwingine anaotwishwa aliyeumizwa. Hapo swali limebadilika. Upole wenyewe si wa bwana wala wa mtumwa. Tazama nani anamdai nani.

Ila hata Améry hakutaka kisasi. Anamtaja askari wa SS, kikosi cha Wanazi, aliyekuwa akimpiga kichwani kwa mpini wa sepetu, na ambaye baadaye alihukumiwa kupigwa risasi. Améry anaandika kwamba angependa kuamini kuwa, alipokuwa mbele ya bunduki, mtu yule alitamani wakati urudi nyuma na yaliyotendeka yasiwe yametendeka, kama alivyotamani yeye, na kwa hiyo akawa binadamu mwenzake tena. Nimeisoma nasaba ya Nietzsche nikitafuta mahali pa kinyongo cha namna hii, kinachomdai adui arudi kuwa mwenzangu, na sijapaona.