Adamu na Nyayo za Laetoli: Mgongano Uko Wapi Hasa?

Mwanafunzi wa kidato cha nne hapa Tanga husoma nadharia ya mageuko, yaani kwamba viumbe hubadilika polepole kizazi hadi kizazi, katika kipindi cha baiolojia, na jioni, akiwa madrasa au kwenye mafundisho ya kipaimara, hufundishwa kwamba Mwenyezi Mungu alimuumba Adamu kwa udongo. Akiuliza lipi ni la kweli, wakubwa humjibu kwa haraka, na jambo hilo linanisikitisha, kwa kuwa mabishano mengi ya barazani yanahusu kauli ambayo sayansi haikuitoa.

Sayansi haidai kwamba binadamu alizaliwa na nyani tunaowaona leo. Inasema kwamba sisi na sokwe tulitokana na kizazi kimoja kilichotoweka mamilioni ya miaka iliyopita. Hata fuvu mashuhuri alilolifukua Mary Leakey kule Olduvai mwaka 1959, lenye umri wa miaka milioni 1.75 hivi, wataalamu wanalihesabu kuwa la ukoo wa kando, si la babu yetu. Ushahidi mzito zaidi, kwa maoni yangu, ni nyayo za Laetoli, hapa hapa Tanzania, zilizobaki kwenye majivu ya volkano kwa takriban miaka milioni 3.6: kisigino kimedidimia, na kidole gumba kimeelekea mbele sambamba na vingine, badala ya kuchomoza pembeni kama cha sokwe. Aliyepita pale alitembea kwa miguu miwili.

Wapo wanaomtaja silikanti, samaki anayefanana na wale wa kale sana na ambaye wavuvi wa Tanga wamekuwa wakimnasa tangu miaka ya 2000 mwanzoni, kuwa ni dalili kwamba viumbe havibadiliki. Hoja hiyo haisimami, kwa sababu silikanti wa leo si spishi ileile inayoonekana kwenye visukuku, yaani mabaki ya kale yaliyogeuka mawe.

Upande wa dini nao hauna kauli moja. Mwaka 1950 Papa Pius wa Kumi na Mbili aliruhusu wasomi kuchunguza asili ya mwili wa binadamu, huku akisisitiza kwamba roho huumbwa na Mungu moja kwa moja. Wapo pia wanazuoni wa Kiislamu wanaokubali mageuko ya wanyama wengine lakini humtenga Adamu na mageuko hayo, wakitegemea aya ya 59 ya sura ya Aal Imran katika Qur'ani, inayomfananisha Isa na Adamu aliyeumbwa kwa udongo. Msimamo huu nauheshimu kuliko ule wa kutafuta vinasaba (chembe za urithi) ndani ya aya, kwani nadharia hurekebishwa kila mara na aya haipaswi kuyumba nayo.

Mgongano halisi, basi, ni kuhusu watu wawili wa kwanza. Wataalamu wa vinasaba wanakadiria kwamba wazee wetu hawakuwahi kupungua hadi kubaki wawili, bali walikuwa maelfu; Qur'ani, katika aya ya kwanza ya An-Nisaa, inasema watu wameumbwa kutokana na nafsi moja, na Papa Pius naye alikataa wazo la wazazi wengi wa kwanza. Wanaosema kwamba Adamu aliumbwa kwa namna ya pekee, kisha uzao wake ukachanganyika na watu wengine waliokuwapo, wanaipa sayansi nafasi yake, lakini wanalazimika kuisoma aya hiyo kwa namna ambayo waumini wengi bado hawaikubali.