Isale si pambo la ukutani

Jumamosi iliyopita, hapa Moshi mjini, nilimtazama binti mmoja akitandaza majani ya mgomba sakafuni na kukaa katikati yake na kisu na fimbo. Akakata alama moja kwenye fimbo, akaimba ubeti. Akakata ya pili, akaimba mwingine. Ukutani nyuma yake video ilionyesha mikono ya kikongwe ikisaga ulezi wa mbege, pombe yetu ya ndizi. Tulipotoka, rafiki yangu akauliza: "Huyu ni mchongaji, mwimbaji au mtu wa video? Si achague moja!"

Namheshimu rafiki yangu, ila hapo amekosea. Fimbo ile ni mregho. Zamani vijana wa Kichagga walifundishwa unyagoni kwa fimbo ya namna hiyo: alama zimekatwa kwa mpangilio, kila alama na wimbo wake, kila wimbo na fundisho lake. Uchongaji, muziki na shule vilikuwa mkononi mwa mwalimu mmoja. Aliyevitenganisha ni ratiba ya darasani, huku chora, kule imba. Mmisionari Bruno Gutmann, aliyeishi Old Moshi miaka mingi, aliyaandika mafundisho hayo katika majuzuu matatu yaliyotoka kati ya 1932 na 1938, kwa Kijerumani. Inaniuma kwamba mjukuu wa waliofundishwa na mregho hawezi kuyasoma. Kwa hiyo binti anapouimba upya mbele yetu, mimi nasimama upande wake, hata wale wanaonong'ona kwamba "anarudisha matambiko" wakinuna.

Jambo moja tu lilinikera. Alikuwa ametundika masale, majani ya mmea wa isale, ukutani kote, kama mapambo ya harusi.

Isale kwetu Wachagga hupandwa kwenye mpaka wa kihamba, yaani shamba la ukoo, na penye makaburi ya wazee. Aliyekukosea akikujia nalo mkononi, huna ruhusa ya kumfukuza. Nikiwa mdogo, baba na baba mdogo hawakusalimiana kwa muda mrefu kwa sababu ya mpaka wa migomba. Asubuhi moja baba mdogo akaingia uani na jani moja la isale, limefungwa fundo. Baba alikuwa akinoa panga. Akaliweka chini, akalipokea lile jani kwa mikono miwili, wala hakusema neno. Jioni walikunywa mbege kwenye kata moja. Jani lenye uzito huo haliwezi kutundikwa arobaini kwa mpigo.

Nilimfuata binti nikamweleza. Hakubisha. Aliniuliza tu: "Baba, hilo fundo alilifunga njiani au mbele ya mzee?"

Sikuwa na jibu. Usiku nikampigia simu mama, kule kijijini Kibosho. Akanyamaza kidogo, kisha akasema: "Alilifungia pale pale uani, mwanangu. Vidole vilimtetemeka, akarudia mara mbili."

Asubuhi nikampelekea binti jibu. Masale yote yalikuwa yameshashushwa, amebakiza moja mapajani, anajaribu kulifunga.