Uso wa kioo: anajipenda au yuko peke yake?

Mwaka 1943, mjini Los Angeles, Maya Deren na mumewe Alexander Hammid walitengeneza Meshes of the Afternoon, filamu bubu ya takriban dakika 14, nyumbani kwao, kwa mkanda wa milimita 16. Mwanamke anamkimbilia mtu mwenye joho jeusi na hamfikii. Mtu huyo akigeuka, mahali pa uso pana kioo cha kujitazamia.

Wanaosema ni filamu ya kujipenda wana hoja. Deren ni mtengenezaji na pia mhusika mkuu. Ile shoti ya dirishani, viganja vyake vikigusa kioo na miti ikiakisiwa juu ya nywele zake, imepigwa kwa mapenzi yasiyofichika.

Lakini tazama mwanzo. Tunaona kivuli chake, mkono ukiokota ua, miguu ikipanda ngazi, ufunguo ukimponyoka na kudunda. Uso mzima tunanyimwa mpaka asinzie kitini. Filamu ya majivuno ingeanza na uso.

Kisha kuna meza, na kwangu hapo ndipo penye uzito. Ndotoni, nakala tatu za Maya zinakutana mezani, kila mmoja anaokota ufunguo kwa zamu. Wa tatu, kiganja chake ni cheusi. Kumweka mtu mmoja mara mbili katika fremu moja, bila maabara, hufanywa hivi: unaziba upande mmoja wa lenzi kwa kadi nyeusi, unapiga, unarudisha mkanda mpaka fremu ileile, unaziba upande uliokwisha kupigwa, na mwigizaji anahamia kiti cha pili. Kamera ikisogea hata kidogo, mshono unaonekana. Mwanga wa dirishani ukibadilika, nusu mbili hazilingani. Na kila mara mwigizaji anakikodolea macho kiti kitupu kana kwamba kuna mtu. Upweke umo ndani ya mbinu yenyewe.

Muziki wa Teiji Ito uliongezwa mwaka 1959. Ni mzuri, ila unatutangulia kutuambia lini tuogope; mara ya kwanza itazame bila sauti.

Mwishoni Maya anamrushia mwanamume, anayeigizwa na Hammid, kisu usoni. Uso unavunjika, kumbe ni kioo, na nyuma yake kuna bahari. Mwanamume anapoingia tena anamkuta amekufa kitini, vipande vya kioo vikiwa mwilini mwake. Wa upande wa kwanza watasema ameuawa na sura yake. Mimi naona vile vipande vilikuwa uso wa mtu mwingine.