Wembe Ulipita Maji ya Mkoa Gani?

Juzi kwenye grupu la ukoo mtu karusha video ya meli moja ya kitalii ya Ulaya huko, ghorofa juu ya ghorofa, mabwawa ya kuogelea, wazungu wamejianika, basi watu wakaanza, oo wenzetu wako mbali, kule huwezi kusikia upuuzi wa melini kama huku kwetu. Huwezi kusikia! Nikacheka kwa hasira, maana wiki hiyohiyo mama mdogo alikuwa ameshuka meli ya usiku ya Ziwa Victoria hana hata nauli ya bodaboda.

Yeye ni mtu wa biashara, anakata daraja la tatu, hela kaifunga kwenye ncha ya kanga kaizungushia kiunoni, ndani ya gauni kabisa. Usingizi ukampitia. Kuamka, fundo halipo, limekatwa kwa wembe, na kile kitambaa ukikiona utadhani fundi cherehani ndo kakikata, wala hakina uzi uliochomoza. Yaani kuna mkono wa mtu ulipita mwilini mwake akiwa amelala, na hilo ndo linamtesa kuliko hela yenyewe. Akamfuata baharia, akajibiwa mama sisi tunaendesha meli, mambo ya polisi ukifika. Kufika ng'ambo, askari wa zamu anamuuliza, tukio limetokea maji ya mkoa gani? Jamani. Mtu kalala, atajuaje wembe ulipita maji ya mkoa gani? Akaambiwa arudi alikotoka akachukue RB, ile namba ya ripoti ya polisi, huko. Hakurudi, ungekuwa wewe ungerudi?

Sasa turudi kwa hao wenzetu. Kule nako watu wanaibiwa, wanabakwa kabinini, wengine wanapotea baharini na hakuna aliyeona kitu. Mwaka 2005 kijana wa Kimarekani aliyekuwa fungate alipotea usiku kwenye meli ya kitalii Brilliance of the Seas, kati ya Ugiriki na Uturuki, asubuhi ikaonekana damu tu, na mpaka leo hakuna aliyefungwa. Shida yao ilikuwa hiihii ya mama mdogo ila ya kitajiri: meli imesajiliwa Bahamas au Panama, mwenye meli yuko Miami, abiria ametoka kwingine, bahari haina mwenyewe, basi kila mtu anamtupia mwenzake. Familia zikapiga kelele weee mpaka 2010 Marekani ikatunga sheria, meli zinazotia nanga kwao lazima uhalifu mkubwa uripotiwe FBI, wapelelezi wa serikali yao, na idadi itangazwe hadharani, milango ya kabini iwe na tundu la kuchungulia, melini kuwe na vifaa vya kumpima aliyebakwa pamoja na dawa. Sheria yenyewe ina matobo, kwenye wizi wanaripoti unaozidi dola 10,000, kwa hiyo ya mama mdogo hata kule ingekuwa vichekesho.

Lakini wao walau walikuwa na kisingizio. Bendera ya watu, bahari ya watu. Sisi unapanda Tanzania unashuka Tanzania, nahodha Mtanzania, kibaka Mtanzania, sasa hiyo "maji ya mkoa gani" inatoka wapi?

Mimi nasema inatoka daraja la tatu. Huko mtu hajawahi kuhesabika. MV Bukoba ilipozama 21 Mei 1996 majina yaliyokuwepo ni ya daraja la kwanza na la pili, la tatu hakuna orodha, ndo maana hadi leo tunabishana waliokufa walikuwa wangapi, na wengine wamezikwa pale Igoma, Mwanza. Miaka 22 baadaye MV Nyerere ikapinduka karibu na kisiwa cha Ukara, ziwa hilohilo, uwezo wake watu 101, waliokufa peke yao 228! Mtu asiyehesabiwa akiwa anazama, nani atamhesabu akiwa analia hela yake imekatwa?

Haya, nakubali, siku hizi kuna mabadiliko, tiketi inaandikwa jina, meli zenyewe zinaboreshwa, sitaki mniite mpinga maendeleo. Ila meli mpya ya MV Mwanza imejengwa ibebe abiria 1,200, hicho ni kijiji, na kijiji kina mwenyekiti na mgambo. Wekeni askari wawili humo ndani, mmoja awe mwanamke, wawe na kitabu na uwezo wa kufungua jalada hapohapo kabla watu hawajashuka, maana meli ikishafunga gati kibaka anatembea na begi lake kama abiria mwingine na anasaidiwa hata kubeba. Namba ya kupiga ichapwe nyuma ya tiketi, pale mnapotuandikia kwamba mzigo ukipotea hamhusiki.

Mama mdogo sasa anapanda basi. Anazunguka nchi kavu, anafika miguu imevimba, ila basi likisimama kituo cha polisi, anasema, kila mtu anajua liko mkoa gani.