Anayetunga Kicheko cha Kihindi Atajwe

Juzi jamaa niliyesoma naye Pune, India, ameandika kwenye kundi letu kwamba filamu ya kuchekesha ya Kimarekani ikishatiwa sauti za Kihindi imeharibika, na anayeitazama hivyo ni mtu asiye na shule. Hasira hazijaniisha. Sensa ya India ya 2011 ilihesabu watu milioni 528 ambao lugha yao ya kwanza ni Kihindi. Hao wote wacheke kwa kusoma maandishi ya chini, macho kwenye herufi, uso wa mchekeshaji ukiwapita? Na jamaa mwenyewe amekulia banda umiza, akimsikiliza Lufufu akitafsiri filamu kwa Kiswahili!

Chukua The Jungle Book ya 2016. Kwa Kiingereza sauti ya dubu Baloo ni ya mchekeshaji Bill Murray, na utamu wake uko kwenye ule uvivu wa sauti, kama mtu ambaye hakuna linalomhusu. Uhamishe uvivu huo kwenye Kihindi sanifu, utapata dubu mwenye usingizi. Kwenye Kihindi, mwigizaji Irrfan Khan akampa lafudhi ya Kipunjabi: mlaji, msemaji, moyo mkunjufu, mjanja wa kupata asali bila kutoka jasho. Mtazamaji wa Delhi anamjua mtu huyo, ameshakaa naye kiti kimoja kwenye basi. Sioni kilichoharibika hapo.

Kazi yenyewe ni ngumu mno. Kihindi hupeleka kitenzi mwisho wa sentensi. Neno la kuchekesha lililofunga sentensi ya Kiingereza huangukia katikati, kitenzi kikaja kulifunika. Mwandishi aipange upya, itoshe muda ambao mdomo unacheza, tena iishe kabla mwigizaji wa pili hajashtuka. Ikichelewa kidogo tu, mshtuko unakuja bila sababu na ukumbi unanyamaza. Mzaha unaomsema mtangazaji wa televisheni ya Marekani anautupa, anatunga wake. Huo ni utunzi kamili.

Maneno ya Kihindi ya The Jungle Book aliyaandika Mayur Puri. Muulize yeyote aliyeipenda, atakutajia nyota waliotia sauti: Irrfan, Om Puri, Nana Patekar, Priyanka Chopra. Wanastahili, sibishi. Lakini Baloo alianzia kwenye karatasi ya mtu.

Waingiza sauti wasio nyota nao wanaonewa. Kwenye filamu ya kwanza ya Deadpool, mhusika huyo alisema Kihindi kwa sauti ya Sanket Mhatre. Mwaka 2018, kwenye Deadpool 2, nafasi ikaenda kwa nyota wa Bollywood, Ranveer Singh. Ranveer alichangamka, nakiri kwa shingo upande, ila aliyemjenga mhusika alikuwa mwingine.

Ndiyo, zipo filamu zilizotiwa sauti hovyo. Na kumpa mpumbavu lafudhi ya jimbo la Bihar kila mara kunawaumiza watu wa Bihar, kukome.

Studio zinazopeleka filamu India ziweke jina la mwandishi wa Kihindi mwanzoni, kwa herufi zilezile wanazopewa nyota, watu wakiwa bado wamekaa vitini.