Chupa mbili za nusu lita

Mdogo wangu amepata sapu, yaani atarudia mtihani. Yuko mwaka wa mwisho wa diploma ya uuguzi na ukunga hapa Moshi, na kilichomwangusha kwenye oski, mtihani wa vitendo wa kupita kituo kwa kituo, ni kituo cha ORS, ile dawa ya unga ya kuchanganya na maji kwa anayeharisha. Mama wa kuigiza ana mtoto anayeharisha, mwanafunzi amwelekeze kuchanganya pakiti. Yeye akaanza kwa kuuliza, "Mama, nyumbani unapimia maji kwa nini?" Mama akajibu hana cha kupimia. Basi akamwelekeza atafute chupa mbili za maji za nusu lita, azioshe, azijaze maji safi na salama, amimine zote kwenye sufuria safi, ndipo atie pakiti nzima. Akamwomba arudie kwa maneno yake mwenyewe.

Karatasi ya kutiki, ile orodha ambayo mtahini anaweka alama, ilisema: ametumia jagi lenye vipimo. Sifuri. Kumuuliza mama ana chombo gani hakukuwa na mstari wake. Kengele ikalia hajafika kwenye zinki, dawa inayotolewa pamoja na ORS.

Nimefanya kazi wodi ya watoto miaka 19 na jambo hili limeniuma. Pakiti ile ni ya lita moja. Maji yakipungua, chumvi inazidi na mtoto anaweza kudhurika. Yakizidi, dawa inakuwa hafifu. Nimepokea watoto ambao mama zao walionyeshwa jagi hospitalini, wakarudi Pasua au Njoro na kuchanganya kwa kikombe cha chai, kwa kuwa ndicho walichokuwa nacho. Binti huyu aliliona tatizo hilo ndani ya dakika tano, mbele ya mtahini, akalitatua kwa kipimo sahihi. Huko ndiko kufikiri kwa ubunifu kwenye kazi yetu, na sisi tumemwandikia kosa.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba karatasi ya kutiki ina kazi yake. Ronald Harden na wenzake walipoileta oski kule Dundee, Uskoti, mwaka 1975, walitaka mwanafunzi asitegemee bahati ya mgonjwa aliyempata wala huruma ya mtahini. Na kwenye kuchoma sindano au kuhakiki damu kabla ya kumwongezea mgonjwa, sitaki ubunifu wa mtu yeyote.

Wengine watasema basi tulete vipimo vya ubunifu vya wanasaikolojia. J. P. Guilford aliwataka watu wataje matumizi ya tofali, E. Paul Torrance, mwaka 1966, akatoa majaribio yanayohesabu wingi wa mawazo, utofauti wake, upya wake na ufafanuzi wake. Hapana. Kitandani kwa mgonjwa wingi hautoshi. Nataka wazo moja linalomfaa mama huyu, lisilomdhuru mtoto huyu, na muuguzi anayeweza kueleza sababu yake na atakavyojua kama limefaa.

Fikiria njia ya kangaruu, tunayomfundisha kila mama mwenye mtoto njiti. Ilianzia Bogotá, Kolombia, mwaka 1978, daktari Edgar Rey alipokosa mashine za joto za kutosha na watoto wakawa wanabanana humo na kuambukizana. Akamweka mtoto kifuani kwa mama, ngozi kwa ngozi. Karatasi ya kutiki ya siku zile ingetafuta mashine.

Kwa hiyo naomba kitu kidogo kwa wakufunzi wenzangu wa wodini na vyuoni: kila kituo cha kumwelekeza mgonjwa kiwe na alama tano za swali moja, "Kama hiki hakipo, utafanyaje, na kwa nini ni salama?" Watahini wawili wasikilize, kila mmoja aandike alama zake kabla ya kuzungumza na mwenzake. Najua wanafunzi ni wengi na muda ni mfupi. Dakika moja inatosha.

Jana jioni nimemkuta jikoni na jagi la plastiki lenye mistari, anarudia sentensi zilezile za kwenye karatasi. Nilipomuuliza kuhusu zile chupa akasema, "Dada, acha kwanza nifaulu." Sikuwa na la kumjibu.