Kiapo cha kaka sikukisaini

Kaka yangu alinipigia simu saa nne usiku. "Mdogo wangu, kesho kuna karatasi kidogo utie sahihi." Karatasi kidogo yenyewe ni kiapo cha kupinga amri ya matunzo aliyopewa wifi wakati shauri la talaka linaendelea. Nilitakiwa niape kwamba kaka ananilipia kodi ya nyumba, laki mbili kila mwezi, ili aonekane kaelemewa. Laki mbili! Mara ya mwisho kunitumia hela ilikuwa Idd, elfu kumi, na ya kutolea hakuweka.

Sikusaini. Sasa nimenuniwa na ukoo mzima.

Nieleweke: kupinga amri ya muda ni haki yake. Kifungu cha 116 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinamtaka hakimu aangalie kwanza uwezo na mahitaji ya wanandoa wenyewe. Na amri ikitoka haijapigwa msumari. Hali ikibadilika kweli, au ikibainika kwamba ilitolewa kwa taarifa za uongo, mahakama inaweza kuibadili, hata kuifuta. Sasa mtu unakwenda kuipinga huku uongo umeubeba mwenyewe kwapani?

Wifi alikwenda mahakamani na daftari la shule la mtoto, kurasa za nyuma. Unga. Mtungi mdogo wa gesi. Dawa ya presha. Nauli ya daladala imekatwa mstari, pembeni ameandika "nilipewa lifti". Nauli ambayo hakuitumia kaitoa! Kaka yeye alikwenda na maneno: biashara imekufa. Slip ya mshahara hakuleta, taarifa ya benki hakuleta, na wiki hiyohiyo kaweka status ya kirikuu cha pili, kile kigari cha mizigo, "Asante Mungu". Mlitaka hakimu aamini lipi?

Nakubali, shingo upande, kwamba wapo wanaoonewa. Fundi au bodaboda hana slip, anakadiriwa tu, na kama mwezi huo pikipiki imekufa injini, basi tena. Tena mashauri yanaahirishwa mpaka huo "muda" unaota mvi. Huyo aende na risiti za gereji, miamala ya simu, barua ya kupunguzwa kazi, chochote chenye tarehe, aombe kiwango kishuke.

Ila nyie wajomba mnaoshauri "usilipe kwanza, utaonekana umekubali kosa", mnamponza mwenzenu. Amri ya muda haisemi nani alimkosea nani. Inasema mtu ale wakati kesi inasikilizwa. Mpaka ibadilishwe, inalipwa, na ukiacha kulipa, deni linakungoja palepale.

(Na kabla hamjaniuliza: ndiyo, mke naye anaweza kuamriwa amtunze mume, kama mume hajiwezi kwa maradhi au kuumia na mke ana uwezo. Kaka yangu haumwi.)

Nimemwambia alete slip na mahesabu ya virikuu vyote viwili, nitamsindikiza mwenyewe mpaka kwa wakili. Hajajibu. Kiapo bado kiko juu ya friji, na jina langu wamelikosea.